Diski za Breki kwa Gari Lenye Nguvu Kubwa: Niliyojifunza Katika Seti Tatu

Gari langu lina nguvu za farasi zaidi ya 400 na uzito wa kilo 1,500 hivi, na mara kadhaa kila mwaka hulipeleka kwenye uwanja wa mbio, mahali ambapo dereva anaweza kulikimbiza hadi mwisho wa uwezo wake bila kuwahatarisha watumiaji wengine wa barabara. Katika miaka minane nimelifungia seti tatu za diski za breki. Seti ya kwanza ilipasuka, ya pili ilitetemesha usukani hadi nikaiondoa kabla haijafikia hata nusu ya umri wake, na ya tatu ndiyo ninayoitumia mpaka leo. Zote tatu zilitoka kwenye viwanda vyenye sifa nzuri, kwa hiyo siwezi kulilaumu jina lililoandikwa kwenye boksi. Kilichozitofautisha ni namna nilivyozichagua, nilivyozifunga na nilivyozitunza.

Anayetaka kuchagua diski aanze na joto. Breki huugeuza mwendo wa gari kuwa joto, na diski ndiyo inayolipokea karibu lote kabla halijapotelea hewani. Gari la kilo 1,500 likiwa kwenye kilomita 100 kwa saa limebeba nishati ya kilojuli 580 hivi. Kasi ikiongezeka mara mbili, nishati huongezeka mara nne, na kwa hiyo kwenye kilomita 200 kwa saa gari hilohilo limebeba kilojuli zaidi ya 2,300, kiasi kinachotosha kuchemsha karibu lita 7 za maji yaliyokuwa na nyuzijoto 20. Magurudumu ya mbele hufanya sehemu kubwa ya kazi hiyo. Ikiwa diski moja ya mbele ina kilo 10 za chuma na inapokea theluthi moja ya nishati yote, basi kulisimamisha gari mara moja tu kutoka kasi hiyo kunaipandisha joto kwa takriban nyuzi 150. Uwanjani breki hukanyagwa tena na tena, na mara nyingi diski haijapoa hata kidogo kabla ya kona inayofuata.

Kwa sababu hiyo, jambo la kwanza ninaloliangalia siku hizi ni uzito wa chuma kilichomo kwenye diski, yaani kipenyo chake na unene wake kwa pamoja. Diski pana ina faida mbili: pedi, yaani vibanio vinavyoikandamiza diski, hushika mbali zaidi kutoka kwenye kitovu cha gurudumu, na chuma kingi huchukua muda mrefu zaidi kupata moto. Hata hivyo, msomaji asitarajie kwamba diski kubwa zitafupisha umbali wa kusimama pale anapofunga breki kwa mara ya kwanza. Ikiwa breki za sasa zinaweza kuufanya mfumo wa ABS, unaozuia magurudumu yasikwame wakati wa kufunga breki, uanze kufanya kazi, basi zimekwisha kuufikia uwezo wa matairi, na anayetaka kusimama mapema zaidi atafute matairi bora. Faida ya diski kubwa huonekana kwenye kufunga breki kwa mara ya kumi, wakati diski ndogo zimeshaanza kushindwa.

Vilevile nashauri kutokuongeza ukubwa wa diski za mbele peke yake bila kuangalia mgawanyo wa nguvu za breki kati ya mbele na nyuma. Watengenezaji wa gari waliupanga mgawanyo huo kwa makini, na diski za mbele zikikua sana huku za nyuma zikibaki vilevile, magurudumu ya nyuma hubaki na kazi ndogo na gari linaweza kuchukua umbali mrefu zaidi kusimama.

Kuhusu uso wa diski, hapo ndipo nilipopata hasara yangu ya kwanza. Nilichagua diski zenye matundu kwa sababu zilionekana kuwa za mashindano. Zamani matundu hayo yalikuwa na kazi muhimu ya kutoa gesi iliyokuwa ikitoka kwenye pedi zilizopata moto, lakini pedi za leo hazitoi gesi kwa kiasi hicho. Matundu bado yanasaidia kuondoa maji siku ya mvua na hupunguza uzito kidogo, lakini yanaondoa chuma kile kile kinachohitajika kubeba joto, na kila tundu ni mahali ambapo ufa unaweza kuanzia. Baada ya siku yangu ya nne uwanjani nilivua gurudumu nikaona mistari myembamba kama nywele imetoka kwenye matundu kadhaa. Nilipitisha ukucha juu yake. Kwenye mistari mingi ukucha ulipita bila kukwama, lakini mmoja ulioanzia kwenye tundu la pembeni ulikuwa umefika ukingoni kabisa mwa diski, na hapo ukucha ulinasa. Sikuliwasha tena gari hilo hadi nilipopata diski nyingine. Mistari midogo ya joto iliyotawanyika usoni ni ya kawaida kwa gari la uwanjani. Ufa unaonasa ukucha, unaounganisha tundu na tundu, au unaofika ukingoni unamaanisha kwamba diski haifai tena.

Kwa gari la barabarani ambalo halijui uwanja, diski yenye uso mtupu inatosha kabisa, na kwa linalotumika kotekote ninapendelea yenye mifereji. Mifereji hukwangua uso wa pedi na kuuacha safi, ingawa huongeza kelele kidogo na kuzila pedi haraka zaidi.

Kitu kingine kisichoonekana kwa urahisi ni mbavu zilizo katikati ya bamba mbili za diski. Diski inapozunguka, mbavu hizo hunyonya hewa kutoka katikati na kuisukuma nje. Zile zilizopinda zina upande wake: diski ya kushoto si ya kulia. Ikisimama mahali pake, mbavu za sehemu ya juu zinapaswa kuinama kuelekea nyuma ya gari kadiri zinavyotoka kwenye kitovu kwenda ukingoni. Nimeona mafundi wazuri wakizifunga kinyume kwa kufuata mwelekeo wa mifereji ya usoni, wakati kinachoamua ni mbavu za ndani. Chungulia kwenye ukingo wa diski kwa tochi kabla gurudumu halijarudishwa.

Diski za vipande viwili, zenye pete ya chuma cha kusubu iliyoshikizwa kwenye kitovu cha alumini, ndizo nilizonazo sasa. Pete inaweza kutanuka kwa joto bila kubanwa na kitovu, na hivyo haijikunji kama sahani, na uzito unaopungua ni ule unaozunguka pamoja na gurudumu, ambao gari huuhisi zaidi. Diski za kaboni na seramiki ni nyepesi zaidi, karibu nusu ya uzito wa zile za chuma, na barabarani zinaweza kudumu kwa muda mrefu sana. Porsche ilianza kuziweka kwenye 911 GT2 mwaka 2001. Mimi sikuzichagua kwa sababu matumizi ya uwanjani huzichosha, gharama ya kuzibadilisha ni kubwa mno, na gurudumu likizigonga ukingoni wakati wa kulivua zinaweza kumeguka.

Sasa niende kwenye seti ya pili, kwa kuwa kosa lililoiua ndilo ninaloliona likirudiwa kuliko yote. Diski zilikuwa mpya na nzuri, na kwa kilomita 3,000 za kwanza sikuhisi lolote. Kisha usukani ulianza kutetemeka kila nilipofunga breki kutoka kasi ya kilomita 120 kwa saa. Gereji niliyoipeleka ilisema diski zimepinda, ikazikereza, na mtetemo ukaondoka kwa wiki chache kabla ya kurudi vilevile. Niliambiwa ninunue nyingine. Kabla ya kufanya hivyo nilimwendea fundi mmoja mtu mzima, ambaye hakuuliza hata jina la diski. Alivua gurudumu, akaikaza diski kwa nati zote, akasimamisha saa ya kupimia myumbo karibu na ukingo, akaizungusha taratibu kwa mkono.

“Tazama mshale, kijana,” akaniambia. Mshale ulikwenda na kurudi kwa milimita 0.12.

“Kwa hiyo diski imepinda, mzee?”

Hakujibu. Aliitoa diski na kunionesha habu, yaani kitako ambacho diski na gurudumu hufungwa juu yake, iliyokuwa nyuma yake. Kulikuwa na ganda la kutu upande mmoja, jembamba kiasi kwamba nilihitaji kulipapasa ndipo nilione. Aliisugua habu kwa brashi ya waya na msasa hadi chuma kikang'aa, akairudisha diski ileile, akapima tena: milimita 0.03.

Hesabu yake ni rahisi. Uchafu wa milimita 0.05 kwenye ukingo wa habu yenye kipenyo cha milimita 150 unakuwa zaidi ya milimita 0.1 ukifika kwenye ukingo wa diski ya milimita 350. Diski inayoyumba kiasi hicho haitetemeki siku ya kwanza. Kinachotokea ni kwamba, hata dereva akiwa hajagusa pedali, sehemu ileile ya diski huipiga pedi kidogo katika kila mzunguko, na baada ya maelfu ya kilomita sehemu hiyo huwa imelika au imepakwa mabaki ya pedi kuliko sehemu nyingine. Unene ukitofautiana hata kwa milimita 0.02, mguu na mikono vinaanza kuhisi. Kwa sababu muda mrefu umepita tangu diski kufungwa, hakuna anayeikumbuka habu, na lawama zote huiangukia diski. Kuikereza kunaondoa dalili tu. Isitoshe, mahali ambapo mabaki ya pedi yamekuwa yakipata moto mkali kupita nyuzi 650 hivi, chuma chenyewe hubadilika na kuwa kigumu zaidi, na mabaka hayo magumu hujitokeza tena hata baada ya kukerezwa. Kwenye diski zangu yalikuwa yamekwisha kutokea, na ndiyo maana kusafisha habu hakukuziokoa.

Tangu siku hiyo sikubali diski ifungwe kwenye gari langu kabla habu haijasafishwa na kupimwa. Ninalenga myumbo wa milimita 0.05 au chini ya hapo. Nati za magurudumu nazo hukazwa kwa mpangilio wa nyota, kwa spana ya kupimia nguvu na kwa kipimo kilichowekwa na mtengenezaji wa gari, kwa sababu kukaza upande mmoja kupita mwingine kunatosha kuivuta diski nje ya mstari wake.

Diski mpya zinahitaji kuzoezwa pamoja na pedi zake. Kwanza huoshwa kwa kisafishio cha breki ili kuondoa mafuta ya kuzuia kutu. Kisha, mahali palipo wazi na salama, ninapunguza mwendo kwa nguvu ya wastani kutoka kilomita 100 hadi 20 kwa saa mara nane au kumi mfululizo bila kusimama kabisa, halafu naendesha dakika kumi hivi bila kukanyaga breki ili kila kitu kipoe. Lengo ni kupaka utando mwembamba na ulio sawa wa pedi juu ya diski yote. Ukisimama na kubana pedali wakati pedi zina moto, unaacha alama ya pedi mahali pamoja. Hatari hiyohiyo ipo kila unapotoka uwanjani, na ndiyo maana mzunguko wangu wa mwisho huwa wa polepole, na nikiegesha sivuti breki ya mkono; naacha gari kwenye gia na kuzuia tairi kwa kabari. Maji baridi pia yasimwagwe kwenye diski zilizotoka kuchemka.

Pedi zichaguliwe kwa joto utakalolifikia kwelikweli. Pedi za mashindano hazishiki vizuri zikiwa baridi, na asubuhi barabarani hilo ni jambo la hatari. Ili kujua joto lenyewe, nilipaka ukingoni mwa diski rangi maalumu zinazobadilika kwa nyuzijoto zinazojulikana. Seti ya kawaida huwa na kijani kwa 430, chungwa kwa 560 na nyekundu kwa 610. Kijani na chungwa ziligeuka, nyekundu haikugeuka, na hapo nikajua pedi za kununua. Mafuta ya breki yasisahaulike, maana hunyonya unyevu hewani: DOT 4 mpya, mojawapo ya madaraja ya mafuta hayo, inapaswa kuvumilia angalau nyuzi 230 kabla ya kuchemka, lakini ikishanyonya maji kiwango hicho kinaweza kushuka hadi 155. Mimi huyabadilisha kila mwaka.

Unene hupimwa kwa maikromita, katika sehemu nane kuzunguka diski. Kalipa ya kupimia ya kawaida hudanganya kwa sababu hukaa juu ya ukingo usioliwa na pedi. Kikomo kimeandikwa kwenye diski yenyewe, na diski hubadilishwa mbili kwa pamoja kwenye ekseli moja. Zangu za mbele zilianza na milimita 34.0 na kikomo chake ni 32.0. Mwezi uliopita ya kushoto ilisoma 33.1, na ya kulia 33.0.