Wasomaji wanauliza: Kontra ya Leta (serikali), korona na siku zilizoongezwa kwa mdomo

Kutoka Kampemba, Lubumbashi

Bwana mhariri, tulishinda soko (zabuni) la Leta la kupeleka vitanda 120 vya hospitali kwa dola 60,000, siku ya mwisho ikiwa Aprili 30, 2020. Kiwanda kiko Johannesburg, korona ikakifunga. Mkuu wa biro, ofisi ya Leta inayonunua, alituambia kwa mdomo tusihangaike, tutaongezewa muda. Vitanda vilifika Julai 24. Wametukata dola 3,600 za kuchelewa, na mpaka leo tunabishana. Avoka (wakili) wetu anasema korona ni nguvu isiyozuilika, basi. Ni kweli?

Jibu: Ni kweli nusu. Dekre (amri ya sheria) ya Julai 30, 1888 juu ya mikataba, kifungu cha 46, inasema hakuna fidia ya kulipa pale mtu anapozuiwa na nguvu isiyozuilika. Lakini hakimu hatauliza kama korona ilikuwepo. Kila mtu anajua ilikuwepo. Atauliza ilizuia nini katika mzigo wenu, kuanzia tarehe gani mpaka tarehe gani.

Hapo ndipo wengi huanguka. Wanaandika "mipaka ilifungwa" na kushindwa hapohapo, kwa sababu Kongo ilipofunga mipaka Machi 2020 iliacha kamyo za mizigo zipite. Kilichowazuia ninyi si mpaka wa Kasumbalesa, kati ya Kongo na Zambia, ni kiwanda. Afrika Kusini ilianza kufungia watu majumbani Machi 27, 2020, na masharti yakalegezwa hatua kwa hatua, Mei 1 kisha Juni 1. Ombeni kiwanda barua yenye mhuri inayotaja siku kilipofunga na siku kilipofungua. Tuseme barua itasema Machi 27 hadi Mei 31: hizo ni siku 66.

Sasa pigeni hesabu. Kutoka Aprili 30 hadi Julai 24 ni siku 85, yaani wiki 12 na siku moja. Inaonekana kontra yenu inakata nusu ya asilimia moja kwa wiki, dola 300, ndiyo maana wamefika 3,600. Ondoeni siku 66 za kiwanda, zinabaki 19. Hizo 19 zinahitaji ushahidi wake: karatasi za kamyo, mihuri ya kila mpaka, tarehe ya deklarasyo ya duane (forodha). Msipokuwa nao mtalipa wiki mbili, dola 600, au tatu kama kontra inahesabu wiki iliyoanza kuwa wiki nzima. Kudai siku zote 85 ndiyo njia ya kupoteza hata zile 66.

Angalieni pia tarehe ya saini. Aliyesaini kabla ya Machi 2020 anaweza kusema hakuyatazamia mambo ya korona. Aliyesaini Juni mwaka ule aliyajua alipochukua kalamu. Na kama oda ilitumwa kiwandani ikiwa imechelewa tangu Februari, korona haifuti uzembe ulioitangulia.

Neno la mkuu wa biro, tunasikitika, halina uzito. Muda unaongezwa kwa avenanti, karatasi ya kubadilisha kontra, iliyosainiwa na mwenye mamlaka ya kusaini kontra, na kabla siku ya mwisho haijapita. Barua ya kuomba, hata ikigongwa mhuri wa kupokelewa, si jibu; ila inathibitisha kwamba mliarifu kwa wakati, na kontra nyingi zinaweka siku chache tu za kuarifu. Je, kuna barua pepe au ripoti ya mkutano ya Aprili 2020 inayotaja nyongeza ile? Itafuteni leo. Hiyo inafaa kuliko ushahidi wa watu watano waliokuwa chumbani.

Tena, muda ukiongezwa, ongezeni na garanti ya benki, yaani ahadi ya benki kulipa biro msipotimiza kontra. Biro ikiona garanti inakaribia kwisha huandikia benki: ongezeni au lipeni. Tumeona wafanyabiashara wakishinda hoja ya siku huku feza ya garanti imeshaenda.

Kutoka Katuba

Tunapeleka unga na mafuta kwa kontra ya mwaka. Bei ilipanda wakati wa korona. Tunaweza kudai muda na bei pamoja?

Jibu: Nguvu isiyozuilika inawapa siku, haiwapi makuta (pesa). Kwa bei, someni kwanza kama kuna kifungu cha kurekebisha bei. Kama hakipo, maavoka hutegemea hukumu ya Baraza la Serikali la Ufaransa, mahakama ya juu ya kesi za serikali, ya Machi 30, 1916, juu ya kampuni ya gesi ya Bordeaux, ambayo makaa yaliipandia bei kwa sababu ya vita. Ilipata fidia ya sehemu ya hasara, si hasara nzima, na kwa sharti la kuendelea kutoa huduma. Aliyesimamisha unga kisha akaja kudai fidia ameufunga mlango mwenyewe.

Kutoka Kamalondo

Biro moja imemwongezea mshindani wetu kontra ya karatasi na wino mara tatu, ikisema korona ilizuia kutangaza soko. Tufanye nini?

Jibu: Kumpa mtu siku za kumaliza mzigo uleule ni jambo moja. Kumpa mzigo mpya wa miezi sita ni soko jipya lililovaa nguo ya avenanti. Sheria ya Aprili 27, 2010 juu ya masoko ya umma inaruhusu makubaliano bila ushindani kwa dharura kubwa isiyotazamiwa, lakini kwa idhini maalumu ya DGCMP, idara ya Leta inayokagua masoko ya umma. Oksijeni ya hospitali mwezi wa Aprili 2020, tungeelewa. Wino, mara ya tatu? Hapana.

Andikieni kwanza biro yenyewe, mkiomba nakala ya idhini na ya kila avenanti, na mhakikishe nakala yenu imegongwa mhuri wa kupokelewa. Wasipojibu, au wakikataa, pelekeni lalamiko kwa kamati ya kutatua mabishano ya ARMP, mamlaka inayosimamia kanuni za masoko ya umma. Muda wa kulalamika unahesabiwa kwa siku, si kwa miezi, kwa hiyo msingoje avenanti ya nne. Lalamikeni juu ya ya tatu, mkionyesha kwamba ninyi pia mnauza bidhaa hiyo na mngeweza kushindana.