Uliza saa kabla hujauliza bei: Chichén Itzá na visima vya Wamaya kwa mfuko mdogo

Mara ya kwanza nilifika Chichén Itzá, mji wa kale wa Wamaya huko Meksiko, saa saba mchana, jua likiwa la utosi, na nikakaa humo saa moja na robo. Mara ya pili nilifika saa mbili kasoro asubuhi, lango bado limefungwa, na nikatoka saa tano nikiwa nimeshiba kwa macho na masikio. Safari zote mbili zilikuwa za bei nafuu, na hiyo ya pili, iliyokuwa nzuri, ndiyo iliyonigharimu kidogo zaidi. Tangu siku hiyo, kila anayeniambia anakwenda Meksiko kuona magofu ya Wamaya na kuogelea kwenye yale mashimo yao ya maji, swali langu la kwanza ni moja: utalala wapi?

Mimi ni mtu wa Tanga, naishi Houston, na kutoka huku hadi Cancún, mji wa ufukweni wa Meksiko, ni mwendo mfupi wa ndege. Neno moja kuhusu karatasi kwanza. Pasipoti ya Tanzania au Kenya peke yake haikuingizi Meksiko bila viza. Lakini ukiwa na viza hai ya Marekani, Kanada, Uingereza au Schengen, au kibali cha ukaazi wa kudumu wa nchi hizo, unaingia kama mtalii bila kuomba viza yao. Angalia tarehe ya mwisho ya hiyo viza kabla hujakata tiketi.

Sasa nieleze kosa letu. Nilikuwa na wifi yangu, tumefikia hoteli ya Cancún, na pale mapokezi kulikuwa na muuzaji wa safari za siku moja. Alituonyesha kipeperushi: piramidi, cenote (ndilo jina la hayo mashimo ya maji) ya kuogelea, chakula cha mchana, mwongozaji, kwenda na kurudi. Bei ilikuwa ndogo mno, tukalipa papo hapo. Asubuhi basi likatuchukua saa moja, kisha likaanza kuzunguka hoteli moja baada ya nyingine kukusanya wenzetu, karibu saa mbili nzima. Kutoka Cancún hadi Chichén Itzá ni kama kilomita 200, kwa hiyo mwendo wenyewe haukuwa mfupi. Njiani tukashushwa kwenye duka la vinyago na fedha, tukakaa humo karibu saa nzima. Tukapelekwa kwenye chakula. Tulipofika langoni ndipo tukaambiwa kiingilio hakimo kwenye bei yetu.

Kiingilio cha Chichén Itzá kwa mgeni kina sehemu mbili: moja ya taasisi ya taifa ya mambo ya kale, INAH, na nyingine ya serikali ya jimbo la Yucatán. Zote pamoja ni zaidi ya peso 600. Hapo ndipo pa kumpimia muuzaji yeyote. Ukiona safari nzima, na basi lake na chakula chake, inauzwa kwa kiasi kinachokaribia kiingilio peke yake, basi kiingilio hakimo, na gharama ya basi inalipwa na lile duka mnaloshushwa. Sisemi kampuni zote ziko hivyo. Nasema hesabu haidanganyi.

Na ile cenote? Tulipewa dakika 40, pamoja na kubadilisha nguo na foleni ya bafu. Wifi yangu hajui kuogelea na anaogopa maji tangu utotoni. Alishuka ngazi, akatia vidole vya miguu, akaanza kukusanya moyo, mwongozaji akapuliza filimbi kwamba basi linaondoka. Alirudi Houston hajalowa. Aliponiambia kwenye ndege kwamba angetaka kurudi, nilijua hazungumzii piramidi.

Tuliporudi mwaka uliofuata hatukulala Cancún. Tulipanda basi la abiria moja kwa moja hadi Valladolid, mji mdogo wa nyumba zenye rangi laini na bustani katikati, kilomita 40 na kitu tu kutoka Chichén Itzá. Huu ndio ushauri wangu mkubwa, na mengine yote yanaufuata huo. Lala Valladolid siku mbili. Vyumba ni vya bei ndogo kuliko vya ufukweni, na asubuhi kuna magari madogo wanayoyaita colectivo, ambayo mtu wetu yeyote atayaelewa bila maelezo, maana ni daladala: unakaa, linajaa, linaondoka, unalipa kidogo. Nauli ya kwenda haikufika peso 100. Tulipanda lile la alfajiri tukiwa na wafanyakazi na wauza vinyago wanaokwenda kupanga meza zao.

Kuna jambo la saa ambalo limewapotezea watu ndege. Cancún na Tulum ziko jimbo la Quintana Roo, ambalo liko saa moja mbele ya jimbo la Yucatán, na Valladolid na Chichén Itzá ziko Yucatán. Ukitoka Cancún unapata saa ya bure. Siku ya kurudi unainyang'anywa. Sisi tulikuwa na saa mbili za mkononi, na moja tuliiacha kwenye majira ya Cancún siku zote mbili, makusudi.

Kuhusu mwongozaji, usimnunue mbali. Pale langoni wako waongoza watalii wenye kitambulisho cha serikali, na bei yao ni ya kundi, si ya kichwa. Ni zaidi ya peso 1,000, fedha nyingi kwa watu wawili, lakini tulisimama kando tukawauliza waliofika mapema kama sisi, tukapata wanafunzi watatu na mzee mmoja na mkewe. Tukagawana. Mbona ilikuwa kazi rahisi, kila mmoja pale alikuwa anaogopa kuuliza.

Mwongozaji wetu alikuwa Mmaya, na lugha ya kwao, Kimaya cha Yucatán, ndiyo aliyozaliwa nayo. Watu wengi wanadhani Wamaya waliisha. Hawakuisha, wako, wanalima, wanaendesha hizo colectivo, na lugha hiyo inazungumzwa na mamia ya maelfu ya watu hadi leo. Alitufundisha salamu: *Bix a beel?* Maana yake, ukiichambua, ni "njia yako ikoje?" Na asante yao ni *Dios bo'otik*, Mungu alipe. Nilimwambia kwetu pia mtu hushukuriwa hivyo, Mungu akulipe. Alifurahi akanitaka nirudie.

Kisha akatupeleka mbele ya piramidi ya Kukulcán, mungu wao wa umbo la nyoka, kabla umati haujafika. Ina urefu wa mita 30 ukihesabu hekalu la juu, na ngazi 91 kila upande. Zidisha kwa nne, ongeza daraja la juu kabisa, unapata 365. Ni kalenda ya mawe. Watu hujazana Machi na Septemba, mchana na usiku vinapolingana, kuona kivuli kinavyoteremka ukingoni mwa ngazi kama nyoka, na kichwa cha nyoka cha mawe kinamsubiri chini. Mwenye mfuko mdogo aziepuke siku hizo. Vyumba hupanda bei na utaona visogo vya watu. Kupanda piramidi kumekatazwa kwa miaka mingi sasa, kwa hiyo picha za zamani za watu wakiwa juu zisikudanganye.

Alitusimamisha mahali fulani kwenye majani, akatuambia tunyamaze, akapiga kofi moja. Ngazi zikajibu. Halikurudi kofi. Kilirudi kilio cha ndege, chenye mwanzo mkali kinachoshuka mwishoni, *chi-uuu*. Kila kidaraja kinairudisha sauti kwa kuchelewa kidogo kuliko cha chini yake, ndiyo maana kofi linavutika. Akatutolea simu akatusikilizisha ndege aitwaye quetzal, yule wa manyoya marefu ya kijani aliyekuwa mtukufu kwa Wamaya. Zilifanana hadi nikasisimka mikono. Kama waliikusudia sauti hiyo wakati wa kujenga, wataalamu bado wanabishana. Lakini kofi hilo saa saba mchana huwezi kulisikia, kwa sababu ya maelfu ya watu na wauzaji wanaopuliza filimbi za kunguruma kama jaguar. Mwaka uliotangulia nilisimama palepale nisisikie kitu.

Jina Chichén Itzá lenyewe linamaanisha mdomoni mwa kisima cha Waitza. Kisima hicho kipo, mwendo mfupi kaskazini ya piramidi, shimo la duara lenye upana wa kama mita 60 na maji ya kijani chini kabisa. Hakiogelewi. Wamaya walitupa humo dhahabu, jade, ubani na binadamu wa kafara. Mmarekani Edward Thompson alianza kukikwangua kwa mashine mwaka 1904, na vitu vingi alivyovitoa vilipelekwa jumba la makumbusho la Peabody, chuo cha Harvard. Baadhi vilirudishwa Meksiko miaka mingi baadaye. Nilisimama hapo nikakumbuka vitu vya kwetu vilivyo kwenye makabati ya watu.

Kaskazini ya rasi ya Yucatán hakuna mto unaopita juu ya ardhi. Ardhi ni mawe ya chokaa, mvua inazama yote, inachimba mapango chini, na paa la pango likichoka linaanguka, inabaki cenote. Mtu wa pwani yetu aliyewahi kushuka pango la maji la Jambiani ataelewa mara moja. Bila mashimo haya Chichén Itzá isingesimama. Ndiyo maana nakushauri uone magofu na cenote siku moja: cenote ndiyo iliyoleta magofu.

Cenote ya Ik Kil, iliyo karibu kabisa na Chichén Itzá, ni nzuri, ila mabasi ya Cancún huishia humo na mchana inajaa. Sisi tulirudi Valladolid, tukala, tukaenda Dzitnup, kilomita 7 hivi kutoka mjini, ambako kuna mbili jirani: X'kekén na Samulá. Kiingilio chake ni kidogo sana ukilinganisha na cha piramidi. Lazima uoge kabla ya kuingia, na losheni ya jua usijipake siku hiyo kabisa, maana maji haya ndiyo wanayokunywa watu. Vaa shati la mikono mirefu badala yake. Mimi nilivaa vazi la kuogelea la kufunika mwili mzima na mtandio, hakuna aliyenitazama mara mbili. Chukua peso taslimu na viatu visivyoteleza.

Kwa Waislamu wenzangu, chakula maarufu cha huko, cochinita pibil, ni nguruwe. Uliza pollo pibil, kuku aliyekolezwa achiote, kiungo chekundu cha huko, na kufungwa kwenye majani ya mgomba. Maharage nayo uliza kama yana *manteca*, mafuta ya nguruwe, kwa sababu mara nyingi yanayo.

Ukiwa na siku ya pili, nenda Ek Balam, magofu mengine ya Wamaya kaskazini ya Valladolid. Pametulia kuliko Chichén Itzá, na mlango wa kaburi la mfalme wao umechongwa kama kinywa chenye meno. Magofu ya Cobá na Tulum yaache kwa safari nyingine.

Tuliteremka X'kekén saa tisa. Ngazi ni nyembamba, mikono inashika mwamba wenye unyevu, kisha pango linafunguka na nguzo za chokaa zinaning'inia kila mahali, na tundu moja darini linaangusha mwanga kama bomba la buluu hadi kwenye maji. Samaki wadogo weusi wanakuja kudonoa miguu. Wifi yangu alivaa jaketi okozi, akaketi kwenye daraja la mwisho, miguu majini. Hakuna aliyepuliza filimbi. Baada ya nusu saa aliingia hadi kifuani akishika kamba iliyovutwa kutoka ukingo hadi ukingo. Nikamwacha, nikaogelea, nikarudi, bado yuko kwenye kamba. Tulikaa humo hadi vidole vikakunjamana. Kisha nikamsikia akiniita "Wifi, tazama," nikageuka, na mikono yake yote miwili ilikuwa juu ya maji, mitupu, kamba iko hatua mbili nyuma yake.