Filamu ya kifalme usiiache njiani

Wiki iliyopita filamu yangu fupi ya malkia imechukua tuzo, nashukuru sana, na inboksi imejaa pongezi ila meseji ya kijana mmoja ndo imenifanya niandike. Anasema mfadhili wake kajitoa kwa hiyo skripti yake ya mfalme anaiweka kabatini, anahamia komedi. Mdogo wangu, usifanye hivyo.

Mimi filamu iliyonifundisha ni Mughal-e-Azam ya India. Mwongozaji wake K. Asif alianza kuihangaikia miaka ya 1940, mara 1947 India ikagawanywa, mfadhili akahamia Pakistan, halafu Chandramohan aliyekuwa acheze Mfalme Akbar akafariki 1949. Wengi hapo tungefunga virago. Yeye akaanza upya, Prithviraj Kapoor akawa Akbar, Dilip Kumar akawa Mwanamfalme Salim, Madhubala akawa Anarkali, mcheza ngoma anayependwa na Salim, hela akatoa Shapoorji Pallonji, mtu wa ujenzi kabisa, na Agosti 1960 ikatoka ikavunja rekodi ya mapato India nzima.

Yangu nayo yalikuwa hayohayo. Mfadhili aliniambia mbele ya timu yangu kwamba hadithi za wafalme hazina soko, akaondoka na hela ya mavazi wakati mafundi wameshapima vitambaa. Inaniuma mpaka leo. Juzi kanitumia emoji za makofi, sijamjibu na sitamjibu.

Tuje kwenye kazi. Asif alijengewa ukumbi wa vioo kwa ajili ya wimbo mmoja, ujenzi ukala kama miaka miwili, vioo vimeagizwa Ubelgiji, kuwasha taa mwanga wote unarudi kwenye kamera. Wakapaka nta nyembamba, ila na mng'ao mzuri wa vioo nao ukafa. Mpigapicha R.D. Mathur ndo akaokoa jahazi, akaweka vitambaa sehemu sehemu mwanga ugonge humo kwanza urudi laini. Sasa taji la malkia wangu lilikuwa la shaba, akigeuka tu mwanga unazidi picha inakuwa nyeupe, wenzangu wakataka tulipake poda. Nikakataa! Tukatundika shuka jeupe, taa zote zikageuziwa huko, taji likawaka taratibu na jasho la juu ya mdomo wake likaonekana. Majaji waliitaja shoti hiyo hiyo.

Kwa hiyo vumilieni jamani, msikubali kuharibu kitu kizuri eti kwa sababu kinasumbua. Asif alipoona sehemu chache alizopiga kwa rangi zilivyotoka alitaka kupiga filamu nzima upya kwa rangi, wasambazaji wakagoma, ikatoka sehemu kubwa ikiwa nyeusi na nyeupe. Yeye akafariki 1971, na 2004 ikarudi kwenye majumba ya sinema ikiwa na rangi mwanzo mwisho. Iliwezekana kwa sababu negativu, yaani mikanda ya awali iliyotoka kwenye kamera, zilitunzwa, japo zilishachakaa zikabidi zisafishwe. Nyie mnafuta faili za awali siku mkimaliza kuhariri! Nakilini kwenye diski mbili, na moja isikae nyumba moja na kompyuta yenu.