Mikarafuu Yote Yako, Nani Atakaa Nawe Barazani?

Kijana mmoja wa Wete, Pemba, ameniandikia. Baba yao amefariki, na mikarafuu iko mkononi mwake kwa kuwa ndiye mkubwa. Dada zake wameanza kuuliza. Anataka kujua kama kuna ubaya achume kwanza vuo hili, yaani msimu huu wa karafuu, mirathi igawiwe baadaye.

Mdogo wangu, mimi nimekulia ndani ya hiyo "baadaye".

Mjomba wangu alisema vivyo hivyo babu alipofariki, kule Mkoani. Mama na ndugu zake wa kike wakasubiri. Vuo likapita, likaja jingine, karafuu zikapelekwa ZSTC, shirika la serikali linalonunua karafuu, fedha zikaingia mfuko mmoja.

Zamani kwetu vuo lilikuwa kama harusi. Usiku watu wote uani wanachambua, makonyo, yaani vijiti vyake, huku, karafuu huku, bibi anahadithia, kahawa inazunguka. Watoto tuliokota zilizodondoka, tukazianika wenyewe, tukapata nguo za Sikukuu. Mjomba alianzia hapo hapo: akapiga marufuku kuokota. Kisha akawa anabishana na wachumaji kila pishi, anasema wanampunja. Kisha akaleta watu wa mbali kuja kuchambua kwa malipo, majirani wasikanyage uani. Hakuna aliyegombana naye. Watu waliacha tu kupita.

Idi iliyopita nilikwenda kumpa mkono. Nyumba ina marumaru hadi barazani, na baraza halina mtu. Aliushika mkono wangu muda mrefu, akaniuliza kama mama amemletea salamu. Mama hakumletea, na sikumdanganya. Bado linaniuma, wala sitaki kujifanya limekwisha.

Sasa wewe. Nenda kwa Kadhi, au Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana, mirathi igawiwe kabla hujapandisha mchumaji hata mmoja. Fungu la dada zako limo ndani ya Qur'ani. Si hisani yako, na kanga mbili za Sikukuu hazililipi. Mkitaka shamba libaki pamoja, libaki, lakini karafuu zikishauzwa kila mtu apewe chake siku hiyo hiyo, mbele ya wenzake. Zilizodondoka waachie watoto. Na usiku wa kuchambua waite majirani, hata kama vibarua wangemaliza mapema zaidi.

Usingoje wakuulize mara ya pili. Dada wa kwetu akinyamaza, usidhani amesamehe. Mama yangu amenyamaza mpaka leo. Wapigie simu wiki hii.