Muulize Mama Fizikia: Binti anataka fizikia ya ubaoni

Anayejibu ni mhadhiri mstaafu wa fizikia. Barua zimefupishwa.

*Mama Fizikia, shikamoo. Binti yangu amemaliza shahada ya fizikia na amefaulu vizuri. Nilitegemea aombe kazi, sasa ananiambia anataka kwenda Trieste, Italia, kwenye kituo cha kimataifa cha fizikia ya nadharia, asome stashahada ya mwaka mmoja. Nikamuuliza huko kuna maabara gani. Akanijibu watu wanafanya kazi ubaoni. Mimi ni fundi magari, kazi isiyo na spana naiogopa. Hiyo taasisi ni ya kweli? Na akirudi atakula nini? Baba, Morogoro*

Marahaba baba, na hongera kwa binti. Taasisi ipo, tangu 1964, na inaendeshwa kwa makubaliano ya serikali ya Italia, UNESCO na Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki. Stashahada anayoisema nayo ipo. Ilianza 1991, ni ya vijana wa nchi zinazoendelea, na anayechaguliwa hugharamiwa. Wanataka mtu mwenye shahada ya uzamili, au ya kwanza iliyo nzuri sana. Maombi yanapelekwa kwao moja kwa moja. Akitokea mtu mtaani kwenu akasema ana njia yake ya mkato na anahitaji hela kidogo ya kufanikisha, mtoe mbio.

Tuje kwenye ubao. Aliyeanzisha kituo hicho, Abdus Salam, alizaliwa 1926 Jhang, Punjab, sehemu ambayo leo ni Pakistani. Akiwa na miaka 14 alivunja rekodi ya mtihani wa sekondari, mji mzima ukatoka kumpokea. Akasoma Cambridge, na 1951 akarudi kufundisha Lahore akiwa tayari ana jina. Mkuu wa chuo akamwambia utafiti ausahau, ila achague kazi ya ziada: kusimamia bweni, kushika hesabu za fedha, au kulea timu ya mpira. Akachukua mpira. Kisa hiki nikiwasimulia wahadhiri wenzangu wanacheka, halafu wananyamaza, maana kila mmoja ana timu yake ya mpira.

Kilichomshinda Salam ni upweke. Lahore hakuwa na majarida ya kumtosha, wala mtu wa kubishana naye, na fizikia ya nadharia, baba, inakwenda kwa ubishi. Unaandika hesabu, mwenzako anaitia doa, unaitetea au unaifuta. Ukikaa peke yako miaka mitatu, wenzako wameshafika mbali na wewe hata hujui wameelekea wapi. Mwaka 1954 akarudi Uingereza, na moyoni ikabaki kwamba amelazimishwa kuchagua kati ya kwao na kazi yake. Mwaka 1960, akiwa mjumbe wa Pakistani kwenye mkutano wa Shirika la Atomiki, akatoa hoja kijengwe kituo ambako msomi wa nchi maskini ataenda kwa wiki au miezi kadhaa, ashibe mijadala, kisha arudi kwao kufundisha. Mataifa makubwa hayakuichangamkia. Italia ilikubali kutoa jengo na fedha, huku mwanafizikia wa Trieste, Paolo Budinich, akiisukuma kutoka upande wa wenyeji.

Mpango huo wa kwenda na kurudi ndio ulionipeleka mimi. Nilikuwa nafundisha madarasa makubwa, sauti inakauka kabla ya saa sita, na utafiti nafanya usiku umeme ukiwepo. Trieste nikakuta mbao hadi kwenye korido, na chaki haziishi. Siku moja wakati wa kahawa nikamwonyesha Mnigeria mmoja hesabu iliyonikwamisha tangu nyumbani. Hakusema neno. Akanishika mkono hadi ghorofa ya juu, akagonga mlango wa Muajentina, akamwambia, "Huyu mama ana swali lako." Tulitoka pale giza limeingia. Muajentina alikuwa amelikaribia jambo lile lile kwa njia ambayo mimi nisingeiota, na mimi nilikuwa na nusu aliyokuwa anaitafuta. Mume wangu alipouliza kwa simu nimefanya nini siku hiyo, nikamjibu nimeongea.

Sasa atakula nini. Usidhani wote huko wanahesabu nyota. Wapo wanaoshughulika na hali ya hewa, na huyu ni jirani yako kabisa. Milima ya Uluguru unaiona kila asubuhi: upande wa mashariki mvua inamwagika, upande wa magharibi inapungua, na mkulima wa Mgeta hahitaji kuambiwa hilo. Kompyuta inayokokotoa tabianchi ya dunia nzima huigawa dunia katika miraba mikubwa, aghalabu kilomita mia moja au zaidi kila upande, kwa hiyo Uluguru inapondwa na tambarare na kugeuka kilima kimoja butu. Kompyuta haijui kwamba pale kuna ukuta wa kuzuia mawingu. Kituo cha Trieste kinatunza programu iitwayo RegCM, ambayo huchukua kipande kimoja cha dunia na kukikokotoa kwa miraba midogo, kilomita ishirini na tano au chini yake, na milima inaanza kujitokeza. Programu ni ya bure, na watafiti wa Afrika Mashariki wameitumia sana kuchunguza masika na vuli. Mtu anayeijua kazi hiyo anahitajika kwenye hali ya hewa, kwenye mabwawa ya umeme, hata kwenye bima ya kilimo.

Tena kituo hicho, pamoja na Chuo Kikuu cha Trieste, kina shahada ya fizikia ya tiba ya miaka miwili, na sehemu ya mafunzo inafanyika hospitalini. Mgonjwa wa saratani anapopigwa mionzi, iwe hospitali ya Ocean Road, Dar es Salaam, au kwingineko, lazima awepo mtu wa kukokotoa dozi ili uvimbe uungue na uti wa mgongo usalimike. Hiyo ni fizikia, na mtaalamu wake hatafuti kazi kwa muda mrefu.

Kama binti anapenda nadharia tupu, basi riziki yake kubwa itakuwa kufundisha, nami sitakudanganya kwamba inalipa kama gereji.

*Shikamoo Mama. Niko kidato cha tano, PCM (fizikia, kemia na hisabati). Mwalimu ametuandikia matawi ya fizikia: mekanika, joto, mwanga, sauti, umeme na sumaku, atomu. Halafu nikasoma kwamba Salam alipewa Nobel kwa kuunganisha nguvu mbili. Mbona tunagawa halafu wengine wanapewa tuzo kwa kuunganisha? Na hiyo nguvu dhaifu inaonekana wapi? Mwanafunzi, Bukoba*

Marahaba mwanangu. Umeuliza swali ambalo nilisubiri miaka wanafunzi wangu waniulize.

Matawi hayo ni sura za kitabu. Yamegawanywa ili mwalimu ajue Jumatatu anaanzia wapi. Newton alionyesha kwamba kitu kinachoanguka chini na mwezi unaoizunguka dunia vinatii sheria moja, kwa hiyo mbinguni na duniani zikawa sura moja. Miaka ya 1860 Maxwell akaandika milinganyo ya umeme na sumaku, akakuta ndani yake wimbi linalosafiri kwa kasi ile ile ya mwanga. Hapo sura yako ya mwanga ikamezwa na sura ya umeme na sumaku, ingawa kitabu chako bado kinazitenganisha. Joto nalo, ukilifukua, ni mekanika ya chembe nyingi mno zisizohesabika moja moja.

Salam, pamoja na Wamarekani Sheldon Glashow na Steven Weinberg, walipokea Nobel ya 1979 kwa hatua iliyofuata: nguvu ya sumakuumeme na nguvu dhaifu ya nyuklia zina asili moja. Kinachozitofautisha ni wabebaji wake. Sumakuumeme hubebwa na fotoni, chembe ya mwanga, ambayo haina masi, kwa hiyo inafika mbali. Nguvu dhaifu hubebwa na chembe W na Z, ambazo kila moja ina masi ya karibu protoni 86 na 97. Mzigo mkubwa namna hiyo hauendi mbali: nguvu hiyo inaishia ndani kabisa ya kiini cha atomu, na ndiyo maana inaonekana dhaifu. Kwenye nishati kubwa sana tofauti hiyo inafifia. Tuzo ilitolewa kabla W na Z hazijaonekana kwa macho ya mashine. Zilipatikana CERN, maabara ya chembe iliyo karibu na Geneva, mwaka 1983. Nobel hupenda kusubiri uthibitisho, lakini safari ile dalili zilikuwa nzito kiasi kwamba hawakusubiri.

Uione wapi? Bukoba unauliza! Nenda jikoni, shika ndizi. Ndizi ina potasiamu, na katika kila atomu elfu kumi za potasiamu, moja hivi ni potasiamu-40, ambayo ina mionzi. Kwenye ndizi moja ya kawaida, kila sekunde atomu kumi na tano hivi za potasiamu-40 zinageuka. Nyingi zinakuwa kalsiamu na kutema elektroni: nyutroni moja ndani ya kiini imegeuka protoni. Sumakuumeme haiwezi kufanya hivyo, nguvu kali inayoshikilia kiini haiwezi, uvutano hauwezi. Kazi hiyo ni ya nguvu dhaifu peke yake. Usitupe mkungu, kiasi hicho hakina madhara, na mwili wako wenyewe una potasiamu-40 nyingi kuliko ndizi yoyote. Nusu-uhai wake ni miaka bilioni 1.25, kwa hiyo zilizobaki bado ni nyingi.

Na jua nalo linaanzia hapo. Ili haidrojeni iungane kuwa heliamu, lazima protoni zigeuke nyutroni, na kazi hiyo inasubiri nguvu dhaifu, ambayo haina haraka. Ingekuwa na haraka, jua lingekuwa limeshamaliza kuni zake zamani, na usingekuwa unasoma PCM.

*Mama, habari. Mimi ni fundi wa sola. Naheshimu wasomi lakini nisaidie: hawa wa nadharia wamenifanyia nini mimi ninayepanda juu ya mabati kila siku? Fundi, Eldoret*

Nzuri, fundi. Wamekufanyia hiyo paneli.

Silikoni ina pengo la nishati la elektronivolti 1.1 hivi (elektronivolti ni kipimo kidogo cha nishati, cha kupimia elektroni). Elektroni imefungwa upande mmoja, na mwanga wenye nishati isiyofika hapo hauwezi kuivusha. Unapita bure au unakuwa joto. Mwanga wenye nishati ya ziada unaivusha, ila ile ziada inapotea kuwa joto pia. Kwa hasara hizo na nyingine chache, mwaka 1961 wanafizikia Shockley na Queisser walikokotoa kwamba paneli ya tabaka moja haiwezi kupita karibu theluthi moja ya nishati ya jua, hata itengenezwe na nani. Muuzaji akikuambia yake inatoa asilimia hamsini, mwache aendelee kuongea peke yake.

Nadharia hiyo hiyo inakueleza jambo unalolijua kwa mkono. Silikoni ikipata moto, pengo linapungua na volti inashuka. Paneli nyingi za silikoni hupoteza asilimia 0.3 hadi 0.4 hivi ya nguvu kwa kila nyuzi joto moja juu ya 25, ambayo ndiyo iliyopimiwa kiwandani. Ukiilaza juu ya bati lenyewe ikafika nyuzi 60, umetupa asilimia 10 hadi 14 hivi, na mteja atakulaumu wewe. Inyanyue, hewa ipite chini. Mabano ya sentimita kumi na kitu ni nafuu kuliko kuongeza paneli ya pili.

Pengo hilo la silikoni siku hizi mtu anaweza kulikokotoa kwenye kompyuta, na la vitu vingine ambavyo hata havijatengenezwa bado. Programu moja maarufu ya kazi hiyo, Quantum ESPRESSO, ilizaliwa Trieste, na ni ya bure kwa yeyote. Ndiyo iliyowawezesha Waafrika wengi kuingia kwenye fizikia ya yabisi, yaani ya vitu vigumu kama silikoni, bila kununua mashine ya mamilioni: kompyuta ya kawaida, mtandao, na umeme usiokatika katikati ya hesabu. Mwaka 2010 ilianza shule ya Kiafrika ya kufundisha mbinu hizo, ikizunguka nchi hadi nchi. Awamu ya kwanza ilikuwa Cape Town. Ya pili, 2012, ilifanyika Eldoret, mjini kwako. Huenda ulipita nje ya geti na ngazi begani.

*Mama, je, lazima mtu afike Italia? Sisi wa huku hatuna karibu? Msomaji, Bujumbura*

Mnayo, tena nchi jirani. Mwaka 2018 ilifunguliwa Kigali taasisi ya Afrika Mashariki ya utafiti wa sayansi za msingi, ndani ya Chuo Kikuu cha Rwanda, mshirika wa hiyo ya Trieste. Inafundisha shahada ya uzamili na uzamivu, na miongoni mwa matawi yake yamo yabisi, chembe na kosmolojia (elimu ya ulimwengu mzima). Wageni kutoka nje wanakuja kufundisha hapo, na wanafunzi wanatoka nchi nyingi za Afrika.

Masomo ni kwa Kiingereza, kwa hiyo aliyesomeshwa kwa Kifaransa aanze kujinoa mapema. Masharti ya maombi yapo kwenye tovuti yao. Barua za walimu ndizo zinazochelewesha watu wengi: usimwendee profesa wiki ya mwisho, na umpelekee matokeo yako na kichwa cha mradi wako wa mwaka wa mwisho, maana amefundisha watu wengi na sura yako ameshaisahau.