Cui bono? Swali zuri lililoniaibisha nyumbani kwa babu

Maneno haya ya Kilatini niliyaokota chuoni, nikawa nayapachika kila mahali. Cui bono: nani kafaidika? Mawakili huyatumia, na wanahistoria pia, wakipima waraka wa kale uliomsifu mfalme fulani kupita kiasi.

Mwaka 80 KK, Cicero, wakili wa Roma ya kale, alimtetea Sextus Roscius aliyeshtakiwa kumuua baba yake. Akawakumbusha waamuzi swali hili, alilozoea kuliuliza hakimu Lucius Cassius. Marehemu aliacha mashamba 13, mengi kando ya mto Tiber. Mali ya sesterti (sarafu za Roma) milioni 6 ikaenda kwa Chrysogonus, mtu wa Sulla, mtawala wa Roma, kwa sesterti 2,000 tu. Capito, wa mji mmoja na marehemu, akaondoka na mashamba matatu. Mtoto aliyeshtakiwa? Mikono mitupu. Niliposoma hayo nikajiona mpelelezi kamili.

Babu alipofariki, ikatolewa karatasi ya daftari: baba mdogo kauziwa robo ya shamba. Chini, dole gumba la babu kwa wino wa zambarau. Nikasimama kwenye kikao cha ukoo, nikatamka Kilatini changu, nikatafsiri. Watu wote wakageuka kumtazama baba mdogo. Yeye akainamisha kichwa, kimya.

Aliyekohoa ni balozi wa nyumba kumi. Alikuwepo siku ile. Babu alitaka hela ya matibabu na mnunuzi wa nje alishapatikana. Baba mdogo akauza pikipiki yake ili shamba lisitoke nje ya ukoo.

Kwa hiyo, ndugu yangu, ukiliuliza swali hili, liulize moyoni kwanza. Linakuonyesha pa kuchimba, halikuchimbii. Hata Cicero hakuishia kwenye faida. Alionyesha kwamba mtu mmoja, Mallius Glaucia, alikimbiza gari la kukokotwa maili 56 usiku mmoja, kwa muda wa saa 10 tu, akapeleka habari za mauaji kwa Capito kabla ya mtu mwingine. Hicho ndicho kinachouma: mwendo, saa, mpokeaji. Mimi sikuwa hata nimemuuliza shahidi aliyetia sahihi kwenye ile karatasi, na jina lake nililiona!

Wiki iliyofuata nilimpelekea baba mdogo kilo mbili za sukari. Akazipokea, akanisogezea kigoda. "Keti, mwanangu. Sasa hebu niambie, kile Kizungu ulichonitukania kikaoni kinaandikwaje?"