Siku moja kutoka Tanga hadi Pangani: usiende bila mwenyeji

Mleta uzi, umesema unakuja Tanga na mama yako mzazi, mna Jumamosi moja tu ya kutembea, na mnataka kuona miji na vijiji vya kale vya upande wa kusini. Ukauliza kama siku moja inatosha, na kama kuna haja ya kulipia mwongozaji wakati barabara ni moja na ramani iko kwenye simu. Wadau wengi hapo juu wamekujibu kwamba siku inatosha na mwongozaji ni kutupa hela. La kwanza nakubaliana nao. La pili limenifanya niandike hivi kwa urefu, maana njia hiyo nimeipita mara mbili kwa nia ya kutembelea. Mara ya kwanza niliharibu, mara ya pili nilifaidi.

Mara ya kwanza tulikuwa walimu tisa kwenye Hiace, na kijana mmoja tuliyempata mjini akasema yeye ni mwongozaji. Tongoni tulikaa dakika ishirini. Alituambia msikiti ule ulijengwa na Wareno. Tukaitikia, tukapiga picha, tukapanda gari. Pangani tukala samaki, tukageuza. Jumatatu nikaingia darasani nikawaambia watoto wa darasa la tano kwamba Tongoni ilijengwa na Wareno. Watoto wakaandika kwenye madaftari. Hilo linaniuma mpaka leo, kwa sababu baadhi yao ni watoto wa vijiji hivyohivyo, na mimi mwalimu wao niliwanyang'anya kazi ya mikono ya wazee wao nikawapa wageni.

Mara ya pili nilimchukua baba yangu, ambaye sasa miguu yake imechoka lakini kumbukumbu bado kali. Safari hii sikumlipa mtu mmoja wa mjini atuzungushe kutwa nzima. Nilipiga simu siku tatu kabla, nikaulizia kila tutakaposimama ni nani mwenyeji anayejua habari za pale. Huo ndio ushauri wangu kwako: dereva wa kutoka Tanga akupeleke, lakini anayesimulia awe mtu wa palepale. Gharama yake si kubwa, na inabaki kijijini.

Tuliondoka saa kumi na mbili na nusu asubuhi. Ondokeni mapema hivyo na nyinyi, kwa ajili ya jua na kwa ajili ya mama.

Kituo cha kwanza kilikuwa Machui, kitongoji cha Vibambani, alikozaliwa Shaaban Robert tarehe 1 Januari 1909 na ndiko alikozikwa mwaka 1962. Tulikaa robo saa tu. Tukamsomea Fatiha, mzee akagusa udongo, tukaendelea. Kama mama yako alisoma shule ya zamani na ana mashairi kichwani, hapo mpe muda zaidi.

Tongoni iko kama kilomita 17 kusini mwa Tanga. Jina lenyewe linakueleza kitu, maana tongo ni mahame, mahali palipokuwa na watu wakahama. Kabla ya hapo mji uliitwa Mtangata. Mwenyeji wetu alitupokea kwenye kivuli, akatuuliza kwanza tumetoka wapi na mzee ni mtu wa wapi, na salamu hizo hazikuwa za haraka. Ndipo tukaingia.

Mbele yako unakuta gofu la msikiti wa matumbawe na chokaa, paa limeshaanguka, kibla bado kinaonekana. Kando yake yapo makaburi zaidi ya arobaini, mengi yakiwa ya nguzo, na wataalamu wanasema hakuna mahali pengine Afrika Mashariki penye makaburi ya nguzo mengi pamoja kama hapo. Ni kazi ya karne ya 14 na ya 15, ya Waswahili wenyewe. Mreno alipofika mji ulikuwa umesimama na watu wake na nazi zao. Mwezi Aprili 1498, Vasco da Gama akiwa njiani kwenda Mombasa, jahazi lake moja, São Rafael, lilikwama kwenye miamba ya hapo mbele, maji yalipojaa likanasuka. Januari 1499, akirudi kutoka India, mabaharia walikuwa wamekufa wengi kwa maradhi hata hawakutosha kuendesha majahazi yote, basi wakaichoma moto São Rafael palepale. Hiyo ndiyo sehemu ya Mreno katika Tongoni: kukwama, na kuchoma chombo chake mwenyewe.

Mwenyeji akamshika mzee mkono, akampeleka kwenye nguzo moja iliyolala chini imevunjika vipande. Akamwambia, "Baba, tia kidole hapa." Kulikuwa na tundu la duara kwenye chokaa, laini kwa ndani, upana wa kisahani cha chai. Akaeleza kwamba pale palikaa bakuli la kutoka China, la rangi ya kijani, lililopachikwa wakati chokaa ikiwa mbichi. Bakuli lenyewe lilishang'olewa zamani. Lakini ukipitisha kidole unalisikia, umbo lake limebaki kwenye chokaa kama alama ya pete kwenye kidole cha mtu aliyeivua. Nilikuwa nimepita pembeni mwa nguzo ileile na wale walimu tisa, tukaona jiwe. Mzee alirudia kupitisha kidole mara tatu, kisha akauliza, "Sasa huyu marehemu alikuwa nani?" Mwenyeji akasema jina halijulikani, ila watu bado huja kumwombea, na akatuonyesha chini ya kaburi jingine majivu ya ubani na chupa ndogo ya marashi. Kwa hiyo mkifika mavazi yawe ya heshima, msikanyage makaburi, na msikae juu yake kupiga picha. Kiingilio lipeni, ombeni risiti.

Jambo moja ambalo ramani haikwambii ni maji. Magofu yako jirani kabisa na bahari na mikoko, na bahari imekuwa ikila ufuko mwaka hadi mwaka. Ukienda siku za bamvua maji yakiwa yamejaa, huwezi kushuka kutazama pwani. Ukienda maji yakiwa yamekupwa, mwenyeji atakuonyesha upande wa miamba ile iliyolikwamisha jahazi. Uliza kalenda ya maji kabla hujapanga siku.

Kigombe ni kijiji cha wavuvi, mkiwahi mtawakuta wanashusha samaki. Hapo habari kubwa ni silikanti, yule samaki ambaye wataalamu waliamini ametoweka duniani tangu enzi za dinosaria, mpaka alipovuliwa mmoja Afrika Kusini mwaka 1938. Kwetu ameonekana sana tangu miaka ya 2003 na 2004, akinasa kwenye majarife ya papa yaliyotegwa kina kirefu, na mwaka 2009 serikali ikaanzisha Hifadhi ya Bahari ya Silikanti Tanga. Msitarajie kumwona. Muulizeni mvuvi mtu mzima awaeleze alivyoshangaa siku ya kwanza, halafu mnunue dafu, muondoke. Sisi hapo tulikunywa chai kwa mkate wa kumimina, na mzee akapata nafasi ya kunyoosha miguu.

Pangani mtafika kabla ya adhuhuri. Msianze na chakula, anzeni na mji, kwa miguu, taratibu. Kuna ofisi ya utalii wa utamaduni ambako mtapata mwenyeji. Mji umekaa mdomoni mwa mto unaoanzia Kilimanjaro na Meru na kusafiri karibu kilomita 500 mpaka baharini, na kila kitu cha mji kimetokana na mdomo huo: misafara ya pembe za ndovu na watumwa iliyoteremka kutoka bara, mashamba ya miwa ya Waarabu kandokando ya mto, nyumba za mawe zenye boriti za mikoko na milango ya nakshi, maduka ya Wahindi, halafu Mjerumani.

Hapa ndipo utajua kama mwenyeji wako anafaa. Wengi watakuonyesha Boma, lile jengo la kale la serikali, na kukuambia kwamba watumwa walizikwa wakiwa hai kwenye misingi ili ukuta uwe imara. Ni masimulizi ya siku nyingi, na yanasisimua mwili. Wetu alituambia hivyohivyo, lakini akaongeza, "Hayo ni ya kusikia kwa wazee, hakuna aliyechimba akaona. Twendeni nikawaambie yaliyoandikwa." Nikampenda palepale. Mtu anayekutenganishia kilichosimuliwa na kilichothibitika ndiye wa kumpa pesa yako.

Akatupeleka hadi ukingoni mwa mto, akaanza na Agosti 1888. Kampuni ya Kijerumani ilikuwa imepewa na Sultani wa Zanzibar haki ya kuutawala mwambao, na mtu wake hapo Pangani alikuwa Emil von Zelewski, ambaye watu walimwita Nyundo. Akalazimisha bendera ya kampuni, akamdharau liwali, yaani mwakilishi wa Sultani hapo mjini, na askari wake wakaingia msikitini na mbwa. Watu wa Pangani wakachemka. Katika mchemko huo akainuka Abushiri bin Salim, mwenye shamba la miwa, na mwambao wote ukashika silaha, na Bwana Heri wa Saadani akiwa na vita vyake upande wa Uzigua. Ikabidi Ujerumani imlete Hermann von Wissmann na askari wa kukodi kutoka Sudan na Msumbiji. Pangani ikachukuliwa Julai 1889, na Abushiri akanyongwa hapohapo Pangani tarehe 15 Desemba 1889. Nyundo naye hakufika mbali: ndiye yule aliyeuawa na jeshi la Mkwawa, mtawala wa Wahehe, huko Lugalo tarehe 17 Agosti 1891. Mimi nilikuwa nimefundisha Abushiri ukurasa wake na Mkwawa ukurasa wake miaka yote, nisijue kwamba kuna mtu mmoja aliyetembea kutoka ukurasa huu hadi ule.

Mkishamaliza hapo ndiyo mle. Wali wa nazi na samaki wa kupaka. Agizeni kabla ya kuanza kutembea, kwa sababu nazi hukunwa ukishaagiza, na hapo mtasubiri.

Baada ya sala ya adhuhuri, vukeni na pantoni kwenda Bweni. Watu wengi huishia Pangani mjini, na nadhani wanakosea, hasa kama mna mzee. Ng'ambo hiyo, mwendo mfupi kutoka Bweni, ndiko kuliko Kikogwe, na Kikogwe ndiko mkonge ulikoanzia nchini. Mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf aliagiza miche elfu moja kutoka Florida, asili yake ikiwa Mexico. Iliyofika hai ni 62. Kutokana na hiyo 62 yametoka mashamba yote unayoyaona ukija Tanga kwa basi, Korogwe, Muheza, Kigombe, kote. Miaka ya 1960 nchi yetu ilikuwa inaongoza duniani, na mwaka 1964 pekee tulitoa zaidi ya tani laki mbili.

Babu yangu alikuwa manamba, kibarua wa mkataba wa mashamba ya mkonge. SILABU, ile ofisi ya kuajiri vibarua wa mkonge, ilimchukua Kasulu akiwa kijana, ikampandisha treni, akashushwa mkoani Tanga na kipande cha kazi mkononi, na hakurudi tena. Baba alizaliwa kambini, naye akakata mkonge kabla ya kupata kazi nyingine. Kwa hiyo pale Kikogwe mwenyeji alipotaja miche 62, mzee hakusema neno. Alisogea kwenye mkonge uliokuwa kando ya njia, akaomba panga. Akaanza kukata ncha kwanza, ule mwiba mweusi, kwa pigo moja dogo la kuinua. Kisha jani la chini kabisa, karibu na shina, kwa pigo moja la kuvuta. Majani matano yalilala upande mmoja yamepangana, ncha kwa ncha. Akamwambia mwenyeji, "Thelathini ndiyo mganda. Usipokata mwiba kwanza, jioni huna jicho." Mwenyeji, kijana wa makamo, alivua kofia akamwomba aonyeshe tena. Kuanzia hapo mzee ndiye aliyesimulia na mwenyeji akauliza: kambi zilivyopangwa kwa kabila, korona, ile mashine ya kusaga majani, ilivyolia usiku, singa, yaani nyuzi za mkonge, zilivyoanikwa kwenye waya zikameta kama nywele. Mengine sikuwahi kuyasikia nyumbani kwa miaka arobaini.

Kwa hiyo mama yako, mleta uzi, usimchukulie kama mzigo wa safari. Muulize mapema ana nini na mwambao huu, pengine naye ana jambo lake.

Mengine ni madogo. Epukeni masika, kuanzia Machi hadi Mei. Bebeni pesa taslimu za noti ndogo, maji ya kunywa, na kanga mbili, moja ya kujifunika na moja ya kukalia. Mapango ya Amboni yako kaskazini mwa Tanga, msiyachanganye na safari hii kwa siku moja hata dereva akiwaahidi, maana mtaishia kuona madirisha ya gari. Na vukeni kurudi Pangani saa kumi na moja isizidi, ili msikimbizane na giza njiani. Sisi tulivuka muda huo, mzee akiwa amefunga yale majani matano kwa kamba, ameyapakata.

Ukishaijua tarehe, iandike hapa nikuangalizie maji.